Chatu wa Kizimbani: Dalili za Maradhi na Namna ya Kuyazuia

Chatu mfalme ni miongoni mwa nyoka wanaofugwa majumbani kwa wingi zaidi duniani. Wanasayansi humwita Python regius. Kwao ni Afrika Magharibi na ya Kati, kuanzia Senegal hadi kaskazini-magharibi mwa Uganda, na huko porini hushinda ndani ya mashimo ya panya na vichuguu, akatoka giza likiingia. Kwa miongo kadhaa Ghana, Togo na Benin zimekuwa zikimsafirisha kwenda Marekani na Ulaya, ingawa siku hizi wengi wanaouzwa huko wamezaliwa mikononi mwa wafugaji. Hana sumu, ni mpole, na akishtuka hujiviringa donge, kichwa kakificha katikati. Mkubwa huwa na urefu wa sentimita 90 hadi 150. Akitunzwa vizuri huishi miaka 20 hadi 30, na wapo waliopitiliza: bustani ya wanyama ya Saint Louis nchini Marekani ilimpokea chatu mmoja wa aina hii mwaka 1961, naye mwaka 2020, akikadiriwa kuwa na umri wa miaka 62, akataga mayai.

Wengi hawafiki huko. Ukiwauliza madaktari wanaotibu wanyama wa namna hii, watataja visababishi vilevile kila mara: baridi, kizimba kikavu au kilicholowa, utitiri, na mlo usiofaa. Maradhi mengi ya nyoka wa kufugwa huanzia kwenye kizimba, ndipo yaingie mwilini. Ndiyo maana ukaguzi wa nyoka anayeonekana hayuko sawa huanza na kipimajoto, halafu bakuli la maji, halafu matandiko, na nyoka mwenyewe hufuata baadaye. Kuna sababu nyingine pia ya kufuata utaratibu huo. Mnyama anayewindwa na ndege na kicheche hatangazi udhaifu wake. Nyoka huweza kuugua kwa wiki kadhaa bila mfugaji kuona chochote zaidi ya kwamba amezidi kutulia.

Mwili wa nyoka hautengenezi joto lake wenyewe kama wa binadamu. Anapokuwa penye joto, chakula humeng'enyeka na kinga hufanya kazi. Anapokuwa kwenye baridi, vyote hivyo hupungua kasi, na panya aliyemezwa huweza kuoza tumboni kabla hajameng'enywa. Chatu mfalme anahitaji kizimba chenye pande mbili: upande wa joto wenye nyuzi 31 hadi 33 za Selsiasi, na upande wa ubaridi wenye nyuzi 25 hadi 27, ili ajisogeze mwenyewe kadiri mwili unavyomtaka. Usiku joto lisishuke chini ya nyuzi 24. Kila upande uwekewe pango dogo la kujifichia linalombana ubavuni. Mfugaji anayeweka pango moja tu, upande wa baridi, humlazimisha nyoka kuchagua kati ya usalama na joto, na karibu siku zote atachagua usalama. Hapo ndipo hushinda kwenye baridi wiki nzima huku kipimajoto cha upande wa pili kikionyesha kwamba mambo ni shwari.

Mazingira ya nje ya nyumba nayo yana sauti. Huko Ulaya adui ni baridi na hewa kavu ya majira ya kipupwe, pale mitambo ya kupasha nyumba joto inapokausha kila kitu. Nyumba ya Mombasa na nyumba ya Nairobi nazo hazitaki vifaa vilevile: Pwani joto la usiku kwa sehemu kubwa ya mwaka linamtosha nyoka huyu, ila ukungu wa matandiko ni tatizo la kudumu, wakati usiku wa Julai kule bara unaweza kumuua asiye na chanzo cha joto. Kabla ya vifaa, lakini, kuna sheria. Kenya na Tanzania zinahesabu nyoka kuwa wanyamapori, na kuwafuga bila kibali ni kosa. Biashara ya chatu wa kila aina kuvuka mipaka nayo inasimamiwa na mkataba wa kimataifa wa CITES.

Kipimo cha kwanza cha afya ya nyoka ni gamba analolivua. Chatu mchanga hujivua kila baada ya wiki nne hadi sita hivi, mkubwa mara chache zaidi kwa mwaka. Siku kadhaa kabla, rangi yake hufifia, tumbo huwa na wekundu wa waridi, na macho hugeuka ya kibuluu yenye ukungu kwa sababu ya majimaji yanayojikusanya kati ya ngozi ya zamani na mpya. Kipindi hicho haoni vizuri, huwa mkali kuliko kawaida, na mara nyingi hukataa kula. Kisha macho husafika, na baada ya siku chache anasugua pua kwenye jiwe au kipande cha gogo, ngozi inapasuka mdomoni, naye anatoka ndani yake akiiacha imegeuka nje ndani. Gamba la nyoka mzima hutoka kipande kimoja, kuanzia midomo hadi ncha ya mkia.

Likitoka vipande vipande, hewa ilikuwa kavu mno, au nyoka ana upungufu wa maji mwilini, au ana utitiri, au ana jeraha la zamani. Chatu mfalme anataka unyevu wa asilimia 50 hadi 60, na uongezwe hadi 70 anapokaribia kujivua. Njia rahisi ni kumwekea kijumba cha plastiki chenye tundu moja, kilichojazwa makumbi ya nazi au kuvumwani vilivyolowekwa na kukamuliwa. Mabaki yaliyomganda yanalainishwa kwa kumweka ndani ya chombo chenye maji ya uvuguvugu wa nyuzi 28 hadi 30, yasiyozidi nusu ya unene wa mwili wake, kwa dakika 20 au 30, kisha anaachwa apite mwenyewe katikati ya taulo lililolowa. Kubandua kwa kucha ni kuchuna ngozi mpya pamoja na ya zamani.

Sehemu mbili za gamba hilo zinahitaji kuangaliwa kwa makini, na mfugaji mwenye busara huliinua kwenye mwanga kila mara. Ya kwanza ni kichwa. Nyoka hana kope. Jicho lake limefunikwa na kigamba angavu, nacho hutoka pamoja na ngozi nyingine. Kwenye gamba lililovuliwa vizuri, viduara viwili vya macho huonekana vimekaa mahali pake. Kama kimojawapo kina tundu, kigamba cha zamani kimebaki jichoni. Hakitolewi kwa kibano, wala kwa gundi ya karatasi kama wanavyoelekezana baadhi ya wafugaji, kwa sababu kilicho chini yake ni laini na jicho zima linaweza kupotea. Kinalainishwa kwa unyevu na kusubiriwa hadi mzunguko unaofuata; kikigoma tena ni kazi ya daktari. Sehemu ya pili ni ncha ya mkia. Pete ya ngozi kavu iliyobaki hapo hubana damu, na ncha hugeuka nyeusi na kukatika.

Utitiri ndio balaa la wafugaji wengi, na hakuna duka au maonyesho ya nyoka yaliyo salama nao kabisa. Utitiri wa nyoka, Ophionyssus natricis, ni mdudu wa kama milimita moja, mweusi au mwekundu mzito akishanyonya damu, na ukimwona juu ya karatasi nyeupe utadhani ni chembe ya pilipili manga iliyosagwa hadi atakapoanza kutembea. Hujificha kwenye mkunjo wa kidevu, kuzunguka jicho, kwenye vitundu vya midomo na karibu na tundu la haja. Nyoka mwenye utitiri hukaa ndani ya bakuli la maji kwa saa nyingi, au hujisugua sugua na kuhangaika mchana wakati wenzake wamelala. Mfugaji anayeshuku ampitishe nyoka taratibu kwenye karatasi nyeupe ya jikoni iliyolowa, kisha aikague karatasi; na aangalie chini ya bakuli la maji, ambako wadudu waliozama hutulia kama mashapo. Mikono nayo hutoa ushahidi: madoa meusi yanayotembea kwenye kiganja baada ya kumshika nyoka hayana maelezo mengine.

Anachokifanya utitiri ni zaidi ya kuwasha. Wakiwa wengi hunyonya damu hadi nyoka mdogo akapungukiwa kabisa. Wakihama kutoka nyoka mmoja kwenda mwingine hushukiwa kubeba bakteria, hasa Aeromonas, pamoja na virusi. Ugumu wa kuwamaliza unatokana na maisha yao. Jike hatagi juu ya nyoka. Hushuka na kutaga kwenye nyufa za mbao, maungio ya kioo na chini ya matandiko, penye giza na unyevu. Kwenye joto la kizimba, yai hufikia kuwa mdudu mzima ndani ya wiki mbili hadi tatu. Kwa hiyo aliyemtibu nyoka wake akamwona safi, akaacha, hukutana na kizazi kipya kabla ya mwezi kwisha. Matibabu yanaendeshwa kwa nyoka na kwa kizimba kwa pamoja, na yanarudiwa kwa wiki nne hadi sita. Matandiko yote hufungwa kwenye mfuko na kutupwa, vitu vya mbao vyenye nyufa navyo vinatupwa bila huruma, kizimba kinaoshwa kwa maji ya moto, na nyoka analazwa juu ya karatasi tupu inayobadilishwa kila siku moja au mbili. Dawa ya kumpaka au kumnyunyizia nyoka itoke kwa daktari. Dawa za mende na viroboto za dukani zimeua nyoka wengi kwa kushambulia mishipa ya fahamu, na ivermectin, ambayo madaktari huitumia kwa nyoka, ni sumu kali kwa kobe, jambo la kukumbukwa na wenye wanyama wote wawili nyumba moja.

Kupe huonekana zaidi kwa nyoka waliokamatwa porini. Hung'olewa kwa kibano mmoja mmoja, kwa kuvutwa polepole na sawasawa ili kichwa kisibaki.

Magonjwa ya njia ya hewa hufuata baridi na hewa chafu. Nyoka mwenye afya hupumua mdomo ukiwa umefungwa, kimya. Anayeanza kuugua hutoa mlio mwembamba wa filimbi, kisha mapovu kwenye pua au kwenye ukingo wa mdomo, na hali ikizidi hukaa na kichwa juu, mdomo wazi, akijaribu kuinyoosha njia ya hewa. Maumbile yanamnyima msaada anaoupata binadamu: nyoka hana msuli wa kiwambo chini ya mapafu, hawezi kukohoa kwa nguvu, na makohozi mazito hukaa humo ndani. Anayetoa mlio kidogo wakati ngozi ya puani inakaribia kuvuka huenda hana ugonjwa wowote. Mlio ukiendelea baada ya gamba kutoka, au ukifuatana na ute, safari ya kwa daktari isicheleweshwe. Nimonia ya nyoka haiponi kwa kuongeza joto peke yake, ingawa bila joto hakuna dawa itakayofanya kazi. Pia si kila nimonia ni ya bakteria. Mwaka 2014 watafiti walitambua aina ya virusi, nidovirusi, katika chatu wafalme waliokuwa na maradhi makali ya mapafu, na tangu hapo kipimo chake kimekuwa sehemu ya uchunguzi wa chatu anayesumbuliwa na kifua kisichopona.

Kuoza mdomo mara nyingi huanza na kidonda kidogo. Nyoka amegonga kioo akidhani ni windo, au amesugua pua kwenye wavu usiku kucha akitafuta njia ya kutoka, au ameng'atwa na panya. Fizi hupata vidoadoa vyekundu, kisha uvimbe, kisha usaha. Usaha wa reptilia hautiririki. Huganda mgumu, wa manjano, kama jibini, na ndiyo sababu hauwezi kukauka kwa vidonge bila daktari kuusafisha. Ukiachwa hufika kwenye mfupa wa taya. Mfugaji anaweza kuugundua mapema kwa kutazama midomo kutoka mbele: mdomo mzima hufungana sawa pande zote mbili. Ukiona umepinda, au kuna mate mazito, au nyoka amelenga windo na kuliachia ghafla, kuna maumivu ndani.

Chini ya tumbo ndiko maradhi mawili yanakofanana hadi kuchanganywa. La kwanza ni kuoza kwa magamba, litokanalo na matandiko yaliyolowa na kuchafuka kwa mkojo na kinyesi. Magamba ya tumbo huwa mekundu au ya kahawia, malengelenge yenye maji hujitokeza, kisha yanapasuka na kuwa vidonda. Kizimba chenye unyevu mzuri kina hewa yenye unyevu na sakafu kavu. Ndiyo siri ambayo wengi huikosa wanapoambiwa chatu anapenda unyevunyevu, wakamwagia maji mpaka matandiko yakawa tope. La pili ni kuungua. Nyoka hulala juu ya mkeka wa umeme au jiwe la joto hadi nyama ikaiva bila kuondoka, kwa kuwa ngozi ya tumbo lake haimpi onyo la haraka kama mkono wa binadamu unavyompa mwenyewe. Kidonda cha moto mara nyingi hakionekani vizuri siku ya kwanza. Baada ya siku chache ndipo gamba linapobadilika rangi na kuchubuka. Mkeka wowote wa joto uunganishwe na kidhibiti joto ambacho hukata umeme kinapofikia kiwango kilichowekwa, na balbu ikae nyuma ya wavu asioweza kuufikia. Mawe ya joto yenye umeme, ambayo bado yanauzwa, hayana sababu ya kuwemo kizimbani.

Kuhusu matandiko, gazeti au karatasi ya jikoni haipendezi macho lakini huonyesha kila kitu: damu, utitiri, kinyesi cha maji. Makumbi ya nazi hushika unyevu vizuri. Maranda ya mbao za kawaida zilizokaushwa hutumika na wengi, ila maranda ya mwerezi yana mafuta yanayodhuru mapafu na ini la nyoka.

Hakuna kinachowatia wasiwasi wafugaji wapya kama chatu mfalme anayegoma kula, na mara nyingi wasiwasi huo ndio unaomdhuru. Mkubwa mwenye afya anaweza kufunga kwa miezi kadhaa, hasa wakati wa msimu wa kupandana, kisha akaanza kula kana kwamba hakuna lililotokea. Kinachotenganisha mfungo wa kawaida na ugonjwa ni mizani. Mizani ya jikoni ya gramu, ambayo haitatumika tena kwa unga, na daftari vinatosha. Nyoka anayefunga lakini uzito wake unabaki palepale aachwe kwa amani, apewe maji safi, na ajaribiwe tena baada ya wiki mbili. Anayepoteza zaidi ya asilimia 10 ya uzito wake, au ambaye uti wa mgongo umeanza kuchomoza na ngozi kulegea ubavuni, ana tatizo. Kati ya hapo na daktari kuna maswali ya kujiuliza: je, joto limeshuka? Pango lipo? Anashikwa mno? Anakaribia kujivua? Mchanga naye hana akiba ya mkubwa, na kugoma kwake kwa mwezi mmoja si jambo la kusubiri.

Kutapika mlo ni dalili nzito kuliko kugoma. Visababishi vya kawaida ni windo kubwa mno, baridi, na nyoka kushikwashikwa kabla ya saa 48 kupita tangu ameze. Asidi ya tumbo huunguza koo inapopanda, na bakteria wa kumeng'enya hupotea. Kumlisha tena kesho yake kwa huruma humfanya atapike tena, kila mara akidhoofika zaidi. Apumzishwe siku 10 hadi 14 akiwa na maji, kisha apewe windo dogo, nusu ya alilozoea. Anayetapika mara kwa mara huku katikati ya mwili kuna uvimbe usioondoka achunguzwe Cryptosporidium, kimelea kinachonenepesha ukuta wa tumbo la nyoka na ambacho hadi sasa hakina tiba ya uhakika.

Windo sahihi lina unene unaolingana na sehemu nene ya mwili wa nyoka. Mchanga hula kila wiki. Mkubwa hutosheka kwa mlo mmoja kila wiki mbili hadi nne. Unene wa kupindukia ni ugonjwa wa vizimbani ambao hauitwi ugonjwa, kwa sababu nyoka mnene hupendeza kwenye picha. Ngozi inayoonekana kati ya magamba hata akiwa amejinyoosha, na mafuta yanayojikunja akipinda, ni alama ya ini linaloelemewa. Panya apewe akiwa amekufa: aliyegandishwa, akayeyushwa ndani ya friji, kisha akapashwa kwenye maji ya moto hadi awe na joto la mnyama aliye hai. Joto la mikrowevu humpasua, na humwacha na barafu tumboni. Panya hai aliyeachwa kizimbani na nyoka asiye na njaa hugeuka mwindaji; kuna chatu walioguguniwa mgongo mpaka mifupa ya uti ikawa wazi, wala hawakujitetea.

Kufunga choo, jike kushindwa kutaga mayai yote, na utumbo kutokeza kwenye tundu la haja ni mambo yasiyo na tiba ya nyumbani. Kilichotokeza kifunikwe kwa kitambaa safi kilicholowa maji yenye sukari nyingi ili uvimbe upungue, na nyoka apelekwe hospitali siku hiyo hiyo.

Kuna maradhi ambayo usafi na joto haviwezi kuyaponya. Linaloogopwa zaidi kwenye jamii ya chatu na boa ni lile la vijumuisho vya seli, lililoanza kuonekana vizimbani katika miaka ya 1970 na ambalo virusi vyake, vya kundi la arenavirusi, vilitambuliwa na watafiti wa California mwaka 2012. Boa huweza kuvibeba miaka mingi bila dalili. Chatu huumwa upesi na vibaya: anapindisha shingo na kutazama juu, anatetemeka, analenga windo na kukosa, na akigeuzwa chali hawezi kujigeuza. Hakuna dawa wala chanjo, na ndiyo sababu boa na chatu hawapaswi kuchanganywa kizimba, wala kutumia bakuli na koleo moja.

Si kila kutetemeka kunatokana na virusi. Wafugaji wa Marekani na Ulaya wamezalisha rangi na mabaka ya kila namna kwa chatu mfalme, na mojawapo, linaloitwa buibui, huja pamoja na kichwa kinachoyumba na kupinduka. Uchunguzi wa picha za miali uliochapishwa mwaka 2022 ulionyesha kwamba sikio la ndani la nyoka hao, lenye kazi ya kusawazisha mwili, limeumbika vibaya. Hakuna kizimba kitakachorekebisha hilo. Mnunuzi anayejali afya asimnunue, hata bei ikiwa nzuri.

Nyoka mpya, atoke kwa rafiki au dukani, akae karantini chumba kingine kwa siku zisizopungua 90, na wengi hupendekeza miezi sita kwa jamii ya chatu. Ahudumiwe wa mwisho baada ya wengine wote, kwa vyombo vyake mwenyewe. Kabla ya fedha kutoka mfukoni, mnunuzi amshike: misuli iwe na nguvu na ikaze mkono, ulimi utoke mara kwa mara, macho yawe angavu, tundu la haja liwe safi, na kidevu kiangaliwe utitiri. Aombe pia kumwona akila. Muuzaji anayekataa hilo amejibu swali.

Binadamu naye ana sehemu yake katika habari hii. Nyoka mwenye afya kamili hubeba salmonela tumboni bila kuumwa, na huisambaza kwenye ngozi yake na kila alipopita. Mikono ioshwe kwa sabuni baada ya kumgusa yeye, maji yake au panya wake. Panya waliogandishwa nao wamewahi kuwa chanzo cha milipuko ya salmonela Uingereza na Marekani. Vyombo vya kizimba visioshwe kwenye sinki la jikoni. Watoto wa chini ya miaka mitano, wazee sana na wenye kinga dhaifu wakae mbali na nyoka na kizimba chake.

Dawa za nyoka si za kukisia. Mwili wake huziondoa polepole kulingana na joto, kiasi kwamba baadhi ya sindano za antibiotiki hutolewa mara moja kila baada ya saa 72, na kwa kawaida huchomwa theluthi ya mbele ya mwili ili dawa isipitie moja kwa moja kwenye figo. Jentamisini iliyotolewa kwa nyoka aliyekaukiwa maji imeharibu figo za wengi. Daktari wa mifugo asiyewahi kumtibu nyoka anaweza kusaidia sana akiwasiliana na mwenzake mwenye uzoefu, na mfugaji naye amrahisishie kazi. Nyoka asafirishwe ndani ya foronya iliyofungwa fundo, foronya ndani ya sanduku lenye matundu, mbali na jua na kiyoyozi. Aende na daftari la uzito, milo na joto, picha ya kizimba, gamba la mwisho, na kinyesi kibichi kwenye kichupa safi. Nyoka akifa ghafla katika nyumba yenye nyoka wengine, mzoga uwekwe kwenye friji, usiwekwe kwenye friza, kwa kuwa barafu huharibu seli zinazotakiwa kuchunguzwa kwa hadubini, kisha upelekwe kupasuliwa siku hiyo au kesho yake, na vizimba vilivyobaki visihamishwe wala kubadilishana vyombo hadi majibu yatoke.